Aliyeambiwa "Taha"

Siku ya tatu baada ya kuhamia nyumba mpya, Kudra aliona nyayo za matope kwenye sakafu ya sebule. Ulikuwa mwezi wa nane, mwaka wa tisini na saba, kiangazi kimekaza, Kasulu yote vumbi jekundu, na mvua haijaonekana tangu Mei. Nyayo zilikuwa za miguu mitupu, kubwa kuliko za mumewe. Zilianzia kizingitini, zikapita katikati ya sebule, zikaishia kwenye mlango wa chumba cha kulala. Kudra alizunguka nyumba nzima akitafuta za kutokea. Hazikuwapo.

Akazifuta kwa tambara. Tambara likanuka samadi mbichi na maziwa, na wao hawakuwa na ng'ombe.

"Mafundi hao," Saady alisema mchana, akiendelea kula. "Wamesahau kitu wakaja kukichukua."

"Fundi gani anaingia nyumba ya mtu asitoke?"

Saady akacheka, akamega ugali mwingine.

Hakuwa mtu mbaya, Saady. Alikuwa mtoto wa Ujiji kama mkewe, mkufunzi wa Kiswahili katika chuo cha ualimu, na kwa miaka minne alikuwa akikusanya maneno ya Kiha cha zamani, yale ambayo vijana wameyaacha. Neno lililomtia wazimu kuliko yote lilikuwa dogo: taha. Ukimuuliza mtu sokoni atakwambia ni kurudi nyumbani, basi. Saady hakuridhika. Alilifuata hadi vilimani. Akakuta kwamba ng'ombe wakirudi zizini jioni, wanataha. Bibi harusi akiingia kwa mumewe, anataha. Nyumba mpya ikifunguliwa kwa chakula na pombe, inatahwa. Mzee akifa, watu hawamtaji kwa kifo, wanasema amejitahia. Na tangu vita vya Burundi viwamwage watu makambini kule Kibondo, neno hilohilo lilikuwa kinywani mwa kila mkimbizi: tutataha lini?

Maana ya mwisho aliipata Nyabibuye, karibu kabisa na mpaka, kwa bibi kizee aitwaye Maximilla. Baba yake alikuwa mteko, mmoja wa wale wazee wa ardhi ambao zamani hakuna aliyejenga kabla wao hawajasema na mwenye pori. Mwenye pori ndiye watu wa pwani humwita jini. Bibi alikataa mara tatu kusema. Mara ya nne akasema, kwa kunong'ona, maneno ya kumkaribisha mwenye pori nyumbani, na akaonya kwamba maneno yale hayatamkwi mlangoni, wala saa ng'ombe wanaporudi.

Siku ya kufungua nyumba, jioni kabla ya zile nyayo, waliwaalika wakufunzi na majirani kula pilau. Ilipokaribia saa kumi na mbili, jua limekaa juu ya mikaratusi na ng'ombe wa watu wakipita barabarani kwenda zizini, Saady alisimama kizingitini na soda mkononi, mlango wazi nyuma yake, akaanza kuwapa wageni somo. Alipofika kwenye maana ya mwisho alishusha sauti kwa mbwembwe, akanyoosha mkono kuelekea porini, akatamka:

"Taha, aha ni iwawe. Yaani, njoo nyumbani, hapa ni kwako."

Wageni wakapiga makofi. Esteri peke yake hakupiga. Alikuwa jirani yao wa upande wa pili wa ua, aliyevuka mpaka kutoka Burundi mwaka wa sabini na mbili akiwa mgongoni mwa mama yake. Sahani ilimtoka mkononi, pilau ikamwagika, akaokota kanga yake na kuondoka bila kuaga.

Baada ya zile nyayo, mambo hayakungoja. Kila jioni, ng'ombe wa barabarani wakishapita, Kudra alisikia kwato juu ya saruji, ndani, zikienda polepole kutoka sebuleni hadi chumbani, na mtu akihema kwa pua. Akiingia, hakuna kitu ila ile harufu. Siku ya sita alikuta mabata wake wote wanne kizingitini, shingo zimesokotwa kama nguo inayokamuliwa, wamelazwa kwa mstari, vichwa vikielekea ndani.

Siku ya saba alisinzia barazani, mchana, kichwa juu ya cherehani yake. Alipoamka, uso, shingo na mikono yake vilikuwa vinateleza kwa mafuta mazito ya njano yanayonuka moshi.

"Dada Kudra." Esteri alikuwa amesimama upande wa pili wa ua, amejishika kifua. "Nani amekupaka hayo?"

"Sijui, Esteri. Nimeamka nimeyakuta. Karibu ndani basi."

"Humo siingii." Akatazama huku na huku, akashusha sauti. "Hiyo ni siagi ya ng'ombe. Zamani kwetu bibi harusi alipakwa hivyo siku anataha kwa mumewe."

"Mimi si bibi harusi. Nina mume."

"Yeye ndoa yenu haijui. Nyumba ilifunguliwa, akaitwa, akaambiwa ni kwake. Alipoingia akakuta mwanamke."

"Na Saady je?"

Esteri akautazama mlango. "Mwanaume mwingine akikutwa ndani ya nyumba ya mtu, na mke wa mtu, wewe unadhani hufanywa nini?"

Kudra alitaka kumkimbilia mumewe chuoni, lakini jua lilikuwa limeshashuka na Saady alikuwa anafungua geti, mkoba begani, anapiga mluzi. Kudra akapaza sauti, "Usiingie!" Saady akadhani utani. Alifika mlangoni, akasema hodi kwa kucheza kama alivyozoea, na kutoka ndani ya nyumba isiyo na mtu sauti nzito ya kiume ikauliza, "Ni nde?" Nani wewe? Saady alishika fremu ya mlango ili achungulie, na mlango ukajibamiza, ukakutana na mkono wake, ukafunguka, ukajibamiza tena, na tena, mfupa ukisikika kama kuni zinavyovunjwa gotini, na alipoanguka magoti akilia kitu kikamdaka kwa kola ya shati na kumburuta ndani, na Kudra aliyekuwa ameshakimbilia pale akaona mumewe akipigwa na kitu kisichoonekana, kichwa chake kikienda kulia na kushoto kwa kila kofi, damu ikiruka ukutani juu ya chokaa mpya, meno mawili yakidondoka sakafuni kama punje za mahindi, mpaka kile kitu kilipochoka naye kikamtupa nje kupitia dirisha pamoja na vioo vyake.

Kisha kimya. Na ndani, kwa sauti ya mtu aliyeridhika: "Natashe."

"Nimefika kwangu," Esteri alifasiri, huku wanamburuta Saady kumvusha ua. "Ndivyo anavyosema. Nimefika kwangu."

Asubuhi yake alikuja Maalim Hilali wa msikitini, mtu mzima asiyetishika. Alisoma tangu saa mbili hadi adhuhuri. Mwisho akaamuru, "Toka!" Taa ya chemli ikapasuka mezani, na kwa Kiswahili kisafi jibu likatoka ukutani: "Nitoke niende wapi? Niliitwa." Maalim alitoka nje akivuja damu sikioni, akakaa kando ya ua wa Esteri.

"Huyu hakuvamia," alimwambia Kudra taratibu. "Jini aliyevamia naijua dawa yake. Huyu alikaribishwa na mwenye nyumba kwa maneno yake, akapewa. Mtafuteni mwenye maneno."

Walidhani kuhama kungetosha. Saady alilazwa chumba cha nyuma kwa Esteri, mkono umefungwa mabanzi, vidole viwili vimeshakuwa vyeusi. Kudra alilala humo humo. Lakini jioni, akiwa anachambua maharage, akajikuta amesimama barabarani. Hakukumbuka kuinuka. Miguu ilikuwa inamwendesha kuelekea ile nyumba, kichwa ameinamisha, pole pole, nyuma ya ng'ombe wa jirani, kama mmoja wao. Esteri alimkamata hatua tatu kabla ya kizingiti, na mlango ulikuwa wazi unamsubiri. Kudra alimng'ata Esteri begani hadi nyama ikafunguka, ndipo akazinduka na kuanza kulia.

"Kesho nitashindwa kukushika," Esteri alisema, ameshika bega. "Una nguvu za watu wanne. Twende kwa huyo bibi. Alfajiri."

Saady alijaribu kuinuka kitandani. "Mimi ndiye niliyemwita," alisema kwa mdomo uliovimba. "Niacheni niende mimi."

"Wewe hakutaki," Kudra alimjibu. "Anayetakiwa ni mimi. Nikikaa hapa jioni nimekwisha."

Walipata lori la maharage liendalo Kibondo. Njia mbovu, vumbi, mashimo, na mchana kutwa Kudra alikuwa Kudra. Ilipotimu saa kumi na moja alimwambia Esteri, "Nifunge." Esteri na utingo wakamfunga kwa kamba za turubai kwenye nguzo za bodi, juu ya magunia. Jua likashuka. Vilimani pande zote ng'ombe wakaanza kuteremka, na Kudra akasikia mwili wake ukigeuka kuelekea Kasulu kama maji yanavyogeuka kufuata bonde, akaanza kuvuta, kamba zikamla ngozi ya mikono, akavuta, akapiga kichwa kwenye ubao mara moja mbili tatu mpaka paji la uso likapasuka, na sauti iliyomtoka kooni haikuwa ya mwanamke wala ya mtu, ilikuwa mlio mrefu wa ng'ombe anayemwita mwenye zizi, na utingo, kijana wa Kibondo aliyekuwa akimshika miguu, alipigwa teke la kifua akaruka nje ya bodi huku lori likiwa mwendoni. Walimwokota akiwa hai. Dereva aliendesha usiku kucha, na asubuhi akawashusha Nyabibuye mlangoni kabisa kwa Maximilla, ingawa hakuwa na safari ya huko.

Bibi alikuwa mdogo kama mtoto wa miaka kumi, kiko mdomoni. Mjukuu wake, Niyitegeka, mwanamke anayenyonyesha, aliwatolea mkeka. Kudra alisimulia yote. Maximilla alisikiliza macho yamefumbwa.

"Nilimwambia asiseme mlangoni."

"Kwa nini ulimpa kabisa?" Kudra alisema, hasira imemjaa. "Ulijua ni sumu, ukampa!"

Bibi akatoa kiko. "Mwanangu, nina miaka themanini na kitu. Hawa wajukuu zangu nikisema maneno ya baba yangu wananicheka. Muulize huyo." Niyitegeka akatazama chini. "Mume wako alikuja mara nne, kwa miguu kutoka barabarani, na karatasi zake. Kaniuliza neno. Tangu nizaliwe hakuna mtu aliyewahi kuniuliza kitu. Nikafurahi. Kosa langu ni hilo."



"Anafukuzwaje?" Esteri aliuliza.

"Hafukuzwi. Mtu ataenda naye." Maximilla alimwita Kudra kwa kidole, akamnong'oneza sikioni neno moja. "Sinatashe. Sikuja kwako. Mwambie machoni. Useme mwenyewe, asikusemee mtu. Ukishasema hivyo hana mke, na asiye na mke nyumba inamchosha. Hapo ndipo nitakapomwambia langu."

"Lako lipi, bibi?"

"Hilo ni langu."

Jioni ile walimfunga Kudra kwenye nguzo ya kati ya nyumba ya bibi, na Niyitegeka ndiye aliyekaa naye, akimfuta povu mdomoni na kumrudishia lile neno kila alipolipoteza. "Sinatashe. Sema, dada. Sinatashe."

Kesho yake, kwa lori lililorudi tupu, waliingia Kasulu jua likiinama. Maximilla alishuka kwenye lori, akanyoosha mgongo, akapita getini peke yake, fimbo mkononi, kama mtu anayekwenda kumsalimu jirani. Mlango ukajifunga nyuma yake.

Kwanza walisikia akiongea. Kisha walisikia akipigwa.

"Atamuua," Kudra alisema.

"Usiende!" Saady alimshika kwa mkono wake mzima. "Kudra, nakuomba!"

Aliutoa mkono wake taratibu, akaenda. Mara hii miguu ilikuwa yake.

Ndani, samadi ilikuwa imefika vifundoni. Maximilla alikuwa anarushwa kutoka ukuta hadi ukuta kama mtoto wa paka, na kila alipoanguka aliinuka kwa viganja vyake na kutema damu na kusema tena jina la baba yake, na juu yake, katika ile nuru nyekundu ya dirishani, Kudra alimwona mwenyeji wao, mrefu hadi darini, mabega ya mtu na shingo ya fahali, ngozi inang'aa siagi, na macho yaliyomgeukia Kudra yalikuwa na upole wa mume aliyemsubiri mkewe kwa chakula, na upole ule ndio uliomtisha kuliko damu yote, kwa sababu sehemu fulani ya mwili wake ilitaka kwenda kuuweka uso kwenye kile kifua na kupumzika. Akanyooshewa mkono. Akasogea. Akasogea tena. Akajing'ata ulimi hadi akaonja chumvi, akamtazama machoni, akasema:

"Sinatashe."

Upole ukazimika. Kilimpiga kofi lililomvunja taya na kumtupa juu ya meza. Akiwa amelala pale alisema tena, maneno yakitoka na damu: "Sinatashe. Sikuja kwako. Sinatashe!" Kile kitu kikalia, mlio uliopasua dari na kung'oa bati, na ng'ombe wote wa mtaa wakaitikia.

Ndipo Maximilla, ameketi chini mgongo ukutani, mguu mmoja umegeukia usikopaswa kugeukia, alipokinyooshea mkono yeye, kama anayemchukua mtoto wa mwenzake.

"Jewe ndatashe," alisema. Mimi naenda zangu nyumbani. "Tugende." Twende.

Akafumba macho. Kikamwinamia. Kifua cha bibi kilipanda mara moja, kikubwa mno kwa mwili ule, mbavu zikasikika zikikatika moja baada ya nyingine, kisha kikashuka, hakikupanda tena. Ukuta wa mbele ukapasuka toka juu hadi chini. Harufu ikaondoka papo hapo. Likabaki vumbi la saruji, na jua likizama.

Walimrudisha Nyabibuye. Kudra alikwenda, taya limefungwa kitambaa, na Saady alikwenda, vidole viwili vimeshakatwa hospitali. Walimzika mchana, mlimani, palipo na upepo. Watu walikuwa wengi. Wajukuu waliokuwa wakimcheka walilia kwa nguvu kuliko wote. Saady alisimama nyuma ya watu, hakuthubutu kumtazama mtu usoni.

Udongo ulipokwisha kusawazishwa, watu wakaanza kukung'uta nguo. Mzee mmoja akachukua jembe lake begani, akasema kama walivyosema wazee wake kila siku ya Mungu, shambani, sokoni, msibani:

"Dutahe."

Twende nyumbani. Mwingine akaitikia, dutahe. Akina mama wakaamshana, dutahe, dutahe, vinywa hamsini juu ya kaburi bichi, na Kudra, ambaye hakuweza kufungua mdomo, alitamani kuwaziba mmoja mmoja kwa mikono yake. Akalitazama kaburi. Halikutikisika. Upepo ulikuwa uleule. Akaanza kuvuta pumzi.

Niyitegeka alikuwa bado amechuchumaa kwenye udongo, mgongo kwa watu.

"Niyi, dutahe," mjomba wake alimwita kwa upole. "Mtoto analia njaa."

"Natashe," Niyitegeka alisema, kwa sauti nzito ya kiume.

Mjomba hakuwa amesikia vizuri. Alimshika mkono amwinue. Niyitegeka alimnyanyua kwa mkono mmoja, bila kugeuka, akamtupa juu ya lundo la mawe, na mtulinga wake ukavunjika kwa mlio ambao kila mtu aliusikia. Watu wakapiga kelele wakatawanyika mteremkoni, majembe yakianguka, akina mama wakinyakua watoto. Barabarani lori likawashwa.

"Kudra!" Saady aliita, anatweta, amerudi nusu ya njia. "Kudra, lori linaondoka! Kimbia!"

Kudra alimtazama mumewe, akatikisa kichwa. Akafungua kitambaa kilichoshika taya lake, maumivu yakamfikia hadi utosini. Akapanda kaburini, akapiga magoti mbele ya Niyitegeka, akamshika mashavu kwa mikono miwili. Kofi la kwanza lilimwangusha. Akarudi, akamshika tena. Macho yaliyomtazama aliyajua, upole wake aliujua.

"Niyitegeka," alisema, kila herufi ikimkata. "Ulinifundisha mwenyewe, usiku kucha. Sasa sema na mimi. Si-na-ta-she."

Kofi la pili. Akarudi.

"Sema na mimi."

Na kutoka chini sana, nyuma ya ule mhemo wa pua, alimsikia mwanamke akijaribu: "Si..."